Jajja wako alihesabu kwa lugha gani?

Swali: Assalaam alaikum, mwalimu. Mimi ni muuguzi, naishi Jinja, nina miaka 34. Nilipokwenda kurekebisha kitambulisho changu, karani aliniuliza kabila na ukoo. Kabila nikasema Mnubi. Ukoo nikanyamaza, naye akaandika alichotaka. Jajja (bibi) mzaa mama alikuwa Mnubi wa Bombo, karibu na Kampala, alifariki nikiwa darasa la sita, na mama anachojua ni kwamba "tulitoka Sudani na jeshi la Wazungu". Nimeweka akiba miaka mitatu ili nisafiri nikaone tulikotoka. Sudani kuna vita, kwa hiyo nafikiria Aswan, Misri, kwa Wanubi wa asili. Kaka yangu anasema pesa hiyo nilipie kipimo cha vinasaba. Nifanye lipi? (Halafu, sijui kama lina maana: jajja alipokuwa akipima mchele kwa kikombe alihesabu kimyakimya "acel, aryo, adek". Hicho ni Kinubi cha zamani?)

Jibu: Waalaikum salaam, mwanangu. Tiketi ya Aswan usiikate kwanza, na pesa ya kipimo iache benki. Jambo zito kuliko yote uliyoniandikia umelitia kwenye mabano, kama mtu anayeomba radhi kwa kunipotezea muda. Nimelisoma mara tatu. Nitaanza hapo, kisha nikueleze kwa nini safari yako naiona ikielekea Pakwach, mji wa kando ya Nile.

Acel, aryo, adek si Kinubi, cha zamani wala cha leo. Namba za Kinubi zimezaliwa na Kiarabu: anayehesabu akifika tatu utamsikia akisema talata, halafu arba, halafu kamsa. Alichokuwa akihesabu jajja wako ni Kilwo. Ndivyo wanavyohesabu Waacholi, Waalur na Wajonam wa kando ya Nile, na Walango nao hawako mbali. Miaka yote ambayo nimekusanya masimulizi ya wazee imenifundisha kuziheshimu sana namba. Mtu hubadili dini, hubadili jina, huhama na kuvaa kama wenyeji wapya, lakini akiwa peke yake jikoni anapima mchele, bila mtu wa kumsikiliza, huhesabu kwa lugha aliyohesabiwa nayo vidole alipopakatwa. Nani alimhesabia jajja wako vidole? Bila shaka mama yake, au mama wa mama yake. Hao ndio watu unaowatafuta.

Sasa Aswan. Jina "Nubi" limewapoteza wengi kabla yako. Wanubi wa Aswan na wa kaskazini mwa Sudani ni watu wa kale wa mtoni, wenye lugha zao kama Kinobiin na Kikenzi, ambazo hazina undugu na Kiarabu. Kinubi cha Bombo ni Kiarabu kilichofumuliwa na kusukwa upya kambini, na watu wa makabila mengi waliohitaji lugha moja ya kupokea amri, kununuliana chakula na kulelea watoto. Ndugu yake wa karibu ni Kiarabu cha Juba. Ukikizungumza sokoni Juba mtaelewana. Aswan utakuwa mgeni kama mgeni mwingine yeyote. Jina lenyewe babu zako walilipata jeshini. Baadhi ya maofisa walitoka kaskazini kweli, lakini wengi wa askari wa kawaida walikuwa Wabari, Wamoru, Wamakaraka, Wadinka, Wakakwa na wengineo wa kusini, ambao baadhi yao waliingia jeshini kwa kutekwa, wala hawakuulizwa.

Ili uone jajja anaingilia wapi, inabidi nikupitishe njia yenyewe. Mwaka 1878 daktari aliyezaliwa Silesia, Eduard Schnitzer, ambaye sisi tunamjua kwa jina la Emin Pasha, alifanywa gavana wa jimbo la Ikweta, kusini mwa Sudani, kwa niaba ya Misri. Mwaka 1881 Mahdi, kiongozi wa uasi wa Sudani dhidi ya utawala wa Misri, akaanza harakati zake, na Januari 1885 Khartoum ikaanguka. Emin na askari wake wakabaki kusini, njia ya kaskazini imefungwa, mishahara haiji. Mwaka huohuo akahamishia makao yake Wadelai, kwenye ukingo wa Nile, mahali palipoitwa kwa jina la chifu wa Kialur. Zingatia neno hilo: Kialur. Jeshi hilo lilikaa miaka kadhaa katikati ya watu wanaohesabu acel, aryo, adek.

Mvumbuzi Henry Stanley alipokuja kumchukua Emin, wakaondoka kwenda pwani mwaka 1889. Askari wengi walibaki. Waliomfuata ofisa wao Selim Bey walikusanyika Kavalli, kusini magharibi mwa Ziwa Albert, sehemu ambayo leo iko Kongo. Mwaka 1891 Kapteni Lugard, ofisa Mwingereza ambaye alikuwa Kampala na alihitaji askari kuliko kitu chochote, aliwafuata huko na kuwachukua. Aliondoka na watu wapatao 8,000. Wenye bunduki walikuwa kama 600.

Hebu zigawanye namba hizo. Kwa kila askari mmoja kulikuwa na watu zaidi ya kumi na wawili wasio askari. Ni kina nani hao? Wake, watoto, wazee, watumishi, mateka, yatima waliookotwa njiani. Vitabu vinataja maofisa. Mimi nasema msafara ule ulikuwa wa wanawake na watoto, wakisindikizwa na jeshi dogo. Na wanawake wale hawakutoka sehemu moja. Waliingia msafarani kituo baada ya kituo, kadiri jeshi lilivyokuwa likishuka kusini.

Hili sikulijua tangu mwanzo. Nilipokwenda Bombo mara ya kwanza nilikaa siku tatu kwenye baraza la msikiti na wazee wa kiume. Walinipokea vizuri, nikajaza madaftari mawili: nani alikuwa efendi, nani shaushi, nani ombasha (vyeo vya jeshi hivyo), nani alipigana Burma. Siku ya nne mvua ikanifungia jikoni kwa bibi mwenye nyumba niliyofikia. Alikuwa amevaa gurbaba, nguo ya wanawake wa Kinubi, anachambua maharage, akaniuliza ninaandika nini. Nikamsomea. Akasikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Hao wote wamezaliwa na nani?" Nikakuta daftari zima halina jina hata moja la mama. Yeye mwenyewe mama yake alikuwa Mnyoro wa karibu na Hoima, na mama wa mama yake Mmadi. Kwa watu wa barazani alikuwa Mnubi tu, basi. Tangu siku hiyo naanzia jikoni.

Kwa hiyo, mwanangu, wewe usitafute kijiji kimoja "tulikotoka". Upande wa baba wa jajja huenda ukakupeleka kwa Wabari au Wakakwa, na huenda usikupeleke popote, kwa maana mtoto aliyetekwa akiwa mdogo hakuja na majina ya babu zake. Upande wa mama umekuachia namba tatu. Fuata upande huo.

Kabla ya kupanda gari, fanya kazi ya nyumbani. Mama yako na mama wadogo wote walio hai wakalishe, mmoja mmoja, kila mtu kwake, maana wakiwa pamoja mkubwa atasema na wengine watakubali. Usiwaulize "sisi ni kabila gani". Uliza jajja alizaliwa wapi, nani alimkata kitovu, alipigwa na nani utotoni, mjomba gani alikuja msibani kutoka mbali na alikuja na nini mkononi. Uliza mama yake jajja alizikwa wapi. Halafu uliza juu ya ndoa: nikahi ya huyo mama ilifungwa wapi, na nani alisimama walii?

Swali la walii nalitilia mkazo, na nataka ulijue kabla hujaliuliza. Kwa sheria yetu, mwanamke husimamiwa na baba, babu, kaka, ami. Asiye na yeyote husimamiwa na kadhi. Ukiambiwa kwamba walii wake alikuwa kaka yake aliyetoka Panyimur, huko kwa Waalur, na mbuzi wawili, basi aliolewa akiwa na kwao, na ndugu zake huenda wanamkumbuka hadi leo. Ukiambiwa ni shekhe wa kambi, au efendi, tulia hapo. Inaelekea huyo msichana hakuwa na ndugu hata mmoja karibu, na sababu za kukosa ndugu katika miaka ile zilikuwa chache na nzito. Jeshi hilo hilo lilipiga vita Bunyoro kuanzia mwisho wa 1893 dhidi ya Omukama Kabalega, na vita vile vilichukua ng'ombe na vilichukua watu. Wapo Wanubi ambao ni wajukuu wa askari na wa mateka wake katika nyumba moja. Hilo si aibu yako wala ya jajja wako. Lakini usimlazimishe mama yako aliseme kama hataki. Mara nyingi analijua na amechagua kunyamaza.

Kuna njia nyingine mbili ambazo zile namba zingeweza kuingia kinywani mwa jajja, na sitaki nikufiche. Baada ya 1914, sehemu ya kusini ya Lado, eneo la magharibi mwa Nile, ilipotolewa Sudani na kuwa West Nile ya Uganda, vijana wa huko waliandikishwa jeshini kwa wingi, wakasilimu, wakaoa, wakahesabiwa Wanubi. Familia nyingi za Bombo ni za wimbi hili la pili na hazikuwahi kuiona Kavalli. Jajja wako, kwa hesabu zangu, alizaliwa karibu na 1930, kwa hiyo inawezekana baba yake alikuwa Mualur wa wimbi hilo. Pia kambi ilikuwa na Waacholi wengi, na mtoto huokota namba kwa majirani. Ila mtoto anayeokota namba kwa jirani huzitumia mchezoni. Mtu mzima kuzirudia peke yake, kwa sauti ya chini, kila siku, miaka sabini, kwangu ni dalili ya mlezi.

Safari ya kwanza ifanye ukiwa Jinja, kwa siku moja. Nenda Bukaleba, wilaya ya Mayuge, kando ya ziwa, ilipokuwa ngome ya kwa Luba, chifu wa Kisoga. Wakristo huenda sehemu hizo kumkumbuka Askofu Hannington aliyeuawa Oktoba 1885. Wewe nenda kwa ajili ya 1897. Septemba ya mwaka huo askari wa Kinubi waliasi, na Oktoba wakaishika ngome hiyo. Wakamshika na kumuua Meja Thruston, ambaye alizungumza lugha yao na aliwaamini. Malalamiko yao yalikuwa mshahara mdogo tena wa kucheleweshwa, safari zisizokwisha, na amri ya kwenda mbali na kuwaacha wake zao nyuma. Hilo la wake watu hulipita haraka. Fikiria mwanamke asiye na kwao, mume wake anaambiwa aende asikokujua, na yeye abaki ngomeni na watoto katika nchi ya watu ambao jeshi lake liliwapora. Walioasi waliuawa wengi. Wajane wao walibaki humu humu Busoga, Kampala, Entebbe. Baadhi ya wajukuu zao ni majirani zako Jinja, na huenda unawadunga sindano bila kujua.

Safari ya pili ni Bombo. Ni kilomita kama 35 tu kutoka Kampala kwa barabara ya Gulu, lakini usiende kwa saa mbili na kurudi. Lala. Nenda na sukari na majani ya chai, fika baada ya alasiri, jitambulishe kwa jina la jajja na la mama yake kabla ya lako. Kambi usiipige picha, ni makao ya jeshi mpaka leo. Tafuta wanawake wanaosuka vikapu, kwa kuwa mikono ikiwa na kazi, mdomo huwa mwepesi. Omba wakuimbie nyimbo za doluka, zile za harusini. Humo mna majina ya vituo na ya watu ambayo hutayapata kwenye daftari lolote. Ukiambiwa kwamba familia yako "ilipotea", uliza ilipotea mwaka gani. Kampala ilipoanguka Aprili 1979, Wanubi wengi walikimbilia Kenya, Sudani na Zaire kwa kuhofia kulipiziwa kisasi cha miaka ya utawala wa Idi Amin, hata wasiohusika na lolote. Nyumba zilivunjwa, karatasi zikaungua. Waliobaki, wengine walichukua majina ya Kiganda. Kwa hiyo mama yako kutojua si uzembe. Alizuiwa kujua, kwa usalama wake.

Kama una ndugu waliokimbilia Nairobi wakabaki Kibera, wapigie simu. Wazee wa kule wamelishika sana lile jina, kibra, msitu, na walioondoka Uganda mapema huwa wamehifadhi mambo ambayo Bombo yameungua.

Makaratasi nayo usiyadharau, ila yaweke mahali pake. Hifadhi ya nyaraka ya taifa, iliyokuwa Entebbe, sasa iko Wandegeya, Kampala. Shajara za Lugard zilichapwa mwaka 1959, na utazikuta katika maktaba kuu ya Makerere, sehemu ya vitabu vya Afrika. Zisome kurasa za Kavalli mpaka Toro, alikowaacha wengi wao kwenye ngome alizozijenga ili kumlinda Omukama Kasagama. Utaona jinsi alivyoandika juu ya askari kwa cheo na kwa jina, na juu ya wanawake kwa idadi. Kwa hiyo kwenye maktaba utampata mume. Jina la mke utalipata Bombo.

Safari ya tatu ndiyo yako hasa. Panda basi la Arua, shuka Pakwach, baada ya daraja. Kutoka hapo tafuta bodaboda au gari la kukodi ikupeleke Wadelai, ukingo wa magharibi wa mto. Usitarajie ngome ya mawe. Utakuta nyasi, mto mpana, wavuvi, na watoto watakaokuhesabia mitumbwi: acel, aryo, adek. Keti nao. Ukipata siku mbili zaidi, kuna Patiko, kaskazini mwa Gulu, ambako wafanyabiashara wa watumwa kutoka kaskazini walikuwa na kituo kabla Samuel Baker hajakigeuza kuwa ngome mwaka 1872. Mawe ya huko yapo, na wazee wa Kiacholi wanaeleza mabinti walivyokusanywa hapo na kutenganishwa. Ni mahali pagumu kusimama kwa mtu ambaye ni mjukuu wa pande zote mbili, na ningependa usiende peke yako. Nenda na mama yako, kama afya inaruhusu.

Kavalli yenyewe achana nayo. Ituri haina amani. Nenda Ntoroko siku ya anga safi, utaiona milima ya Kongo ng'ambo ya ziwa. Inatosha.

Kipimo cha vinasaba hakikatazwi. Kitakupa ramani ya maeneo mapana na asilimia zake, na kwa kuwa sampuli za watu wa pande zetu katika hazina hizo ni chache, utapata jibu pana kuliko unalolijua tayari kwa kumsikiliza jajja akipima mchele. Mwambie kaka yako alipie mafuta ya gari.

Na ile fomu. Kabila umejibu sawasawa. Wanubi wamo katika Jedwali la Tatu la Katiba ya 1995, orodha ya jamii zilizokuwemo ndani ya mipaka ya Uganda tarehe 1 Februari 1926, kwa hiyo asikutie mtu shaka dirishani. Kuhusu ukoo, Wanubi hatuna muziro (mnyama au kitu cha mwiko wa ukoo) wala ukoo wa mtindo wa Baganda, na kama karani alikuazima mmoja, rudi ukaufute, hata kama itabidi upange foleni asubuhi mbili. Jina la uongo likishaingia kwenye karatasi ya serikali, mjukuu wako atalichukua kuwa la kweli na kuanza kutafuta mahali pasipo na kitu.

Leo jioni, kabla ya yote hayo, fanya hivi. Mwombe mama yako ahesabu kama jajja alivyokuwa akihesabu, asiishie tatu, aende mpaka kumi kama anakumbuka. Usimsahihishe. Mrekodi kwa simu, na kama ana neno jingine lolote la jikoni ambalo si Kinubi wala si Kiganda, jina la mboga, la chungu, la kumbembelezea mtoto, alitaje pia. Msikilizishe mzee mmoja wa Pakwach na mmoja wa Gulu. Kuanzia sita kwenda juu matamshi yao hayafanani, na neno moja la mboga huweza kuonyesha upande wa mto. Kisha nitumie na mimi. Nina kanda za akina mama wa Panyimur na wa Wadelai, nitazisikiliza pamoja na sauti ya mama yako.